Saladi ya Pweza na Viazi ya Kiitaliano: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Kando ya bahari ya Italia, kuanzia Liguria kaskazini hadi Sicilia kusini, pweza na viazi huliwa pamoja katika bakuli moja. Wenyewe wanaiita insalata di polpo e patate. Ndani yake mna pweza wa kuchemsha, viazi vya kuchemsha, mafuta ya zeituni, limau, paslei, kitunguu saumu kidogo, chumvi na pilipili manga, basi. Hakuna mchuzi mzito wala viungo vya kufunika kosa, kwa hiyo kila hatua ndogo huonekana kwenye sahani. Hapa nimejibu yale yanayoulizwa zaidi na wapishi wa nyumbani, hasa wa pwani yetu, waliozoea kumpika pweza kwa nazi. Kama huna muda wa kusoma yote, shika hili moja: pweza na viazi vikutane vikiwa bado na joto.

Kwa watu wanne ninunue nini?

Pweza mmoja wa kilo moja na robo hivi. Akishaiva hupungua karibu nusu ya uzito wake, kwa hiyo usimpunguze ukidhani amezidi. Viazi gramu 800, vinavyolingana ukubwa. Mafuta ya zeituni vijiko sita vya chakula. Limau kubwa moja, na la pili liwe karibu. Kifungu kidogo cha paslei, punje moja ya kitunguu saumu, pilipili manga nzima ya kusaga papo hapo, na chumvi. Kipimo hiki kinawatosha wanne kama ndio mlo wenyewe, au sita kama ni kitu cha kufungulia chakula, jinsi Waitaliano wengi wanavyokipakua.

Lazima awe pweza wa Italia?

Hapana. Pweza anayeliwa zaidi Mediterania ni Octopus vulgaris, na yule mkubwa anayevuliwa sana kwenye miamba yetu, kuanzia Lamu hadi Mtwara, ni Octopus cyanea. Wote wawili wana safu mbili za vinyonyeo kwenye kila mkono, nyama yao ni nene, na hupikwa kwa namna ileile. Tena pweza wa Tanzania husafirishwa nje akiwa amegandishwa, na Italia ni miongoni mwa nchi zinazomnunua. Mtu wa Malindi au Watamu hata hahitaji kuambiwa haya: Waitaliano wameishi huko tangu miaka ya 1960, kilipojengwa kituo cha San Marco cha kurushia roketi kule Ngomeni, na majiko yao yanatumia pweza wa wavuvi wa hapohapo.

Ninachosisitiza ni ukubwa. Usinunue pweza mdogo hata akiwa wa bei ya chini. Kanuni za uvuvi za Tanzania Bara zinakataza pweza aliye chini ya nusu kilo, na sababu yake ni nzito. Pweza jike hutaga mara moja tu maishani, huyalinda mayai yake bila kula, kisha hufa. Akivuliwa kabla ya kutaga, uzao wake wote umekwisha. Wakati huohuo hukua haraka mno, ndiyo maana wavuvi wa Kisiwa Panza kule Pemba, na wenzao wa kisiwa cha Pate, wamekuwa wakifunga sehemu za miamba kwa miezi michache kisha wanazifungua na kutoka na pweza wazito. Kwa saladi hii pweza mkubwa ni bora kwa kila hali: mikono yake minene inakatika vipande vyenye nyama, na ule ulaini wa katikati unaupata sawasawa.

Sokoni nimtambueje aliye mzuri?

Mnuse kwanza. Awe na harufu ya bahari. Ukipata harufu kali inayopanda puani kama ya choo, mwache. Ngozi iwe na unyevu na madoadoa yanayoonekana, si ya kijivu iliyofifia, na macho yawe maangavu. Aliyegandishwa naye hana shida, na jibu linalofuata litakuambia kwa nini wengine tunampendelea. Ngisi na dome ni watamu, lakini mapishi yao ni mengine kabisa, wala usiwachukue kwa saladi hii kwa kuwa tu wapo meza moja na pweza.

Ni lazima nimponde kabla ya kupika?

Kuponda kunafanya kazi, na ndivyo wavuvi wa huku na wa Mediterania walivyofanya siku zote, kwa kumpiga kwenye mwamba au jiwe. Nyama ya pweza imesukwa kwa nyuzi nyembamba zinazopishana kila upande, na imeshikwa na kolajeni, ile protini ngumu inayounganisha nyama, nyingi kuliko ya samaki wa kawaida. Ukiponda unazilegeza nyuzi hizo.

Friza hufanya kazi ileile bila kelele. Maji yaliyo ndani ya nyama yakiganda hugeuka vipande vidogo vya barafu vinavyopasua nyuzi kutoka ndani. Msafishe pweza, mtie kwenye mfuko, mgandishe siku mbili, kisha myeyushe usiku kucha ndani ya friji. Usimyeyushe juani wala kwenye maji ya moto. Wapishi wengi wa Italia siku hizi hufanya hivyo hata kama pweza ametoka baharini asubuhi ileile, nami nakushauri ufanye hivyo pia.

Namsafishaje?

Kama muuzaji hajamsafisha, pindua kichwa nje ndani kama unavyopindua soksi, uvute matumbo yote pamoja na kifuko cha wino bila kukipasua. Kata sehemu yenye macho uitupe. Kisha mgeuze: pale mikono minane inapokutana kuna mdomo mgumu mweusi. Ubonyeze kutoka nyuma kwa kidole gumba nao utachomoka. Mwoshe kwa maji ya bomba, ukipitisha vidole ndani ya kila kinyonyeo, maana mchanga hukaa humo. Usiharakishe hapa. Punje moja ya mchanga inatosha kuharibu tonge.

Kwa nini wanamchovya mara tatu kwenye maji yanayochemka?

Ili mikono ijikunje na ngozi ishikane na nyama. Unamshika kichwa, unaizamisha mikono sekunde chache, unainyanyua, unarudia mara mbili, na mara ya mwisho unamwachia azame wote. Utaiona mikono ikijiviringisha mbele ya macho yako. Hakumfanyi awe laini, kama wengi wanavyodhani, lakini kunampa sura nzuri.

Maji nitie chumvi? Na siki? Na kile kizibo cha chupa?

Usitie chumvi hata chembe. Mwili wa pweza una chumvi sawa na ya bahari anamoishi, na akiiva huiachia ndani ya maji. Ukiongeza yako, utamla pweza mkali wa chumvi na maji yake hutaweza kuyatumia tena.

Kutia kizibo cha chupa ya mvinyo ndani ya maji ya kuchemshia ni mazoea ya watu wengi Italia, hakuongezi wala kupunguza kitu. Siki na limau viache viingie mwishoni, kwenye bakuli. Wanapoli wana msemo wao kwamba pweza hupikwa kwa maji yake mwenyewe, na wako sahihi kabisa: mtie kwenye sufuria nzito bila maji, funika vizuri, moto mdogo, naye ataachia maji ya kutosha kujichemsha. Nyama hubaki na ladha nzito zaidi. Lakini kama ndiyo mara yako ya kwanza, au sufuria yako ni nyembamba, tia maji ya kumfunika tu ili asije akaungua chini.

Achemke kwa muda gani, na nitajuaje kuwa ameiva?

Hapa ndipo saladi inapopatikana au kupotea, kwa hiyo nivumilie nikieleza kwa urefu.

Hesabu dakika 45 hadi 50 kwa pweza wa kilo moja na robo, kuanzia maji yanaporudi kuchemka. Moto uwe mdogo sana, maji yawe yanatikisika tu juu, povu moja hapa, moja pale. Maji yakitibuka kwa nguvu, ngozi inachanika na nyama ya nje inaisha kabla ya ndani kulainika.

Katikati ya safari utapata wasiwasi. Baada ya robo saa hivi pweza anakuwa amejikunja, amepungua na amekuwa mgumu kuliko alipoingia. Wengi humtoa wakati huo wakidhani wamemzidisha, kumbe ndiyo kwanza ameanza. Joto hukaza kolajeni kwanza, na baadaye sana ndipo kolajeni hiyo huanza kuyeyuka na kuwa rojorojo linalolainisha nyama. Hakuna njia ya mkato kati ya hatua hizo mbili, ni muda tu.

Kumpima, tumia ncha ya kisu chembamba, si uma. Mchome mahali mkono unapoungana na kichwa, pale palipo na unene kuliko kote. Kisu kiingie bila kusukumwa, na ukikivuta nje pweza asinyanyuke nacho. Kikikwama hata kidogo, mwongeze dakika tano kisha mpime tena. Ncha za mikono zisikudanganye, hizo huiva mapema.

Akishaiva, zima moto na umwache humohumo ndani ya maji yake, kifuniko kikiwa juu, kwa nusu saa. Usimtoe, usimmwagie maji baridi. Katika nusu saa hiyo anaendelea kulainika polepole na ngozi yake inashikilia. Ukimtoa akiwa anatoa moshi, nyama hukauka juu na ngozi hubanduka vipande vipande.

Na sufuria ya presha je?

Inafaa, hasa mahali gesi au mkaa ni ghali. Maji kikombe kimoja yanatosha, na dakika 15 hadi 20 tangu ilie. Halafu iache ishuke yenyewe bila kuifungua kwa nguvu, maana muda huo wa kushuka ndio mapumziko yake. Ubaya wake ni mmoja: huwezi kumpima njiani. Kwa hiyo anza na dakika 15; akihitaji zaidi utamrudishia, lakini aliyezidi harudi.

Nimtoe ngozi?

Usimtoe. Ile rangi ya zambarau na vile vinyonyeo ndio uzuri wa saladi hii, na utelezi wa ngozi hushika mafuta na limau. Utando laini wenye kunata unaobanduka wenyewe, hasa ndani ya kichwa, upanguse kwa vidole uende. Kichwa nacho kinaliwa: kikate vipande vyembamba.

Viazi gani?

Vile visivyopasuka vikiiva. Waitaliano hutafuta viazi vya nyama ya manjano, vigumu kidogo, vinavyokatika vipande vyenye kona. Kenya kuna shida ndogo hapa, kwa sababu Shangi ndiyo imejaa kila soko, nayo huiva haraka na kumeguka kuwa unga. Shangi ni nzuri kwa kuponda, si kwa kazi hii. Ukiwa Kenya ulizia vyenye ngozi nyekundu au vile ambavyo mama wa sokoni atakuambia vinachukua muda kuiva. Tanzania, viazi vya Mbeya au Njombe vyenye nyama ya manjano, ukichagua vidogovidogo, vinafaa vizuri.

Vichemshe na maganda yake, kuanzia maji baridi yenye chumvi ya kutosha. Ganda huzuia maji kuingia ndani, na kiazi kilicholowa maji hakina nafasi ya kunywa mafuta. Ukianzia maji ya moto, nje huiva na kuvurugika huku katikati bado kibichi. Vya ukubwa wa yai huchukua kama dakika 20 hadi 25. Ondoa kisu kikiingia bila kugoma, mwaga maji, acha vikauke mvuke dakika mbili tatu, kisha vimenye vikiwa bado vya moto, umevishika kwa kitambaa.

Kama viazi ulivyo navyo ni vya kumeguka tu, usiahirishe chakula. Kuna wapishi wa Liguria ambao huviponda kidogo makusudi kwa uma, na pweza huwekwa juu yake. Inakuwa sahani nyingine, nayo nzuri.

Nachanganya kwa utaratibu gani?

Panga mambo ili viazi viive wakati pweza anapumzika ndani ya maji yake. Yaani ukizima moto wa pweza, washa wa viazi.

Paka bakuli pana kwa punje ya kitunguu saumu iliyokatwa katikati, kisha itupe. Harufu itakayobaki inatosha. Kata viazi vya moto vipande vya sentimita mbili au tatu, vitie ndani, na hapohapo nyunyizia chumvi, maji ya nusu limau na nusu ya mafuta. Geuza kwa mwiko taratibu. Kiazi cha moto kinafyonza. Kikishapoa wanga wake hukaza, na chochote utakachomwagia kitateleza juu na kukusanyika chini ya bakuli.

Mtoe pweza, mkate mikono mshazari vipande vinavyokaribiana na vya viazi kwa ukubwa, umuunganishe. Sasa ongeza vijiko viwili vya maji aliyochemkia. Tafadhali usiliruke hili. Maji hayo yana rojorojo la kolajeni, na ukigeuzageuza utaona mafuta na limau vikishikana na kuwa kama uji mwepesi unaong'aa, uliovaa kila kipande. Malizia na mafuta yaliyobaki, pilipili manga na limau kwa kuonja. Chumvi onja mwisho, kwa sababu pweza amekuja na ya kwake.

Iache mezani dakika 20. Paslei iliyokatwa iingie unapopakua, si kabla, isije ikanyauka kwa joto.

Mafuta ya zeituni ni ghali. Naweza kutumia mengine?

Katika mapishi mengine ningekubali. Hapa mafuta ni nusu ya ladha, na ya alizeti hayana la kusema mbele ya pweza. Afadhali upike saladi hii mara chache, na siku hiyo ununue chupa ndogo iliyoandikwa extra vergine. Ya kukaangia usiyapoteze humu.

Sina limau, nina ndimu. Sina paslei, nina kotimiri.

Ndimu inakubalika, ni kali zaidi, kwa hiyo anza na nusu ya kipimo. Kotimiri, au dania kama wanavyoiita Kenya, inafanana na paslei kwa macho tu. Ukiitia utakuwa na saladi nzuri ya pweza yenye harufu ya kachumbari, na Mwitaliano hataitambua. Kama paslei imekosekana kabisa, tia majani machanga ya seleri yaliyokatwa vizuri.

Na zeituni zenyewe, seleri, nyanya, pilipili?

Kila mwambao una wake. Liguria hutia zile zeituni ndogo nyeusi zinazoitwa taggiasche. Napoli na kusini kwake hupenda seleri iliyokatwa nyembamba, nayo inaleta mkwaruzo mzuri kati ya vitu viwili laini. Wengine huongeza kapari, yale machipukizi madogo ya maua yaliyohifadhiwa kwa chumvi au siki. Chagua kimoja, viwili visizidi. Ukiona pweza na viazi vimenyunyiziwa pilipili nyekundu ya unga, huyo ni wa Galicia, Hispania, ni sahani nyingine yenye heshima yake. Mayonezi sikushauri hata kidogo, inafunika kila kitu ulichohangaikia.

Kwa habari ya Liguria, kuna kijiji kidogo kinaitwa Tellaro, kwenye ghuba ya La Spezia, ambako husimuliwa kwamba pweza mkubwa alipanda kutoka baharini usiku akavuta kamba za kengele za kanisa, wanakijiji wakaamka na kuwafukuza maharamia. Kila mwezi Agosti hufanya sherehe ya pweza, na wanampika kwa viazi.

Mapishi ya Italia mara nyingi yana mvinyo. Hii je?

Haina haja. Wapo wanaotia mvinyo mweupe ndani ya maji ya kuchemshia, lakini hilo ni la hiari yao na nimekuonyesha kwamba sufuria haihitaji kitu. Nyumba ya Kiislamu inaipika jinsi ilivyo bila kubadilisha chochote.

Naweza kutumia pweza mkavu, au wa kuchemshwa anayeuzwa barabarani?

Mkavu hapana, huyo ni wa mchuzi wa nazi na huko hana mpinzani. Wa barabarani tayari ameshatiwa chumvi na viungo na amekatwa vipande vidogo. Mle palepale na supu yake.

Yale maji mengi yanayobaki nifanyie nini?

Usiyamwage. Napoli, mchuzi huo wa pweza wenye pilipili manga nyingi huuzwa mtaani kwenye kikombe, wanauita 'o bror' 'e purpo, na huliwa zaidi siku za baridi. Aliyewahi kusimama jioni kwenye meza ya muuza supu ya pweza Dar es Salaam atajiona yuko nyumbani. Yachuje, yaonje, ukamulie ndimu na pilipili, unywe. Au yapikie wali badala ya maji ya kawaida, na chumvi upunguze.

Inaliwa lini, na nini pembeni?

Kusini mwa Italia huonekana sana meza ya usiku wa tarehe 24 Desemba, ambapo kwa desturi hawali nyama, na pia wakati wa kiangazi mchana wa joto. Pembeni weka mkate wa kupangusia bakuli. Iliwe vuguvugu au ya joto la chumbani. Ikitoka friji moja kwa moja mafuta yanakuwa yameganda na pweza amebana, kwa hiyo itoe nusu saa kabla.

Inakaa siku ngapi?

Ndani ya friji, imefunikwa, siku mbili. Kwa joto letu la pwani usiiache mezani zaidi ya saa moja na nusu. Saladi yenyewe usiigandishe: kiazi kikigandishwa na kuyeyushwa huvuja maji na kuwa na chembechembe. Pweza aliyeiva lakini hajachanganywa anakubali friza vizuri, ndani ya mfuko pamoja na maji yake kidogo, na siku ya kumla unampasha taratibu ndani ya maji hayohayo huku viazi vikichemka jiko la pili.